Nirithi malema ya babu, au niingie kwenye juya?

Swali: Asalaam aleikum mzee wangu. Mimi ni kijana wa Utange, Mombasa. Babu yangu alitega malema, ile mitego ya samaki ya kufumwa, ndani ya mwamba maisha yake yote mpaka magoti yakamkatalia. Ameniachia mtumbwi na malema kadhaa, mengine yameshaoza. Wenzangu wananicheka, wanasema malema ni kazi ya wazee, niingie nao kwenye juya kwa sababu siku moja ya juya inashinda wiki nzima ya malema. Nikiwauliza habari ya sheria, wananijibu kuwa juya nalo ni uvuvi wa jadi, wazee walilikuta, na jadi haikatazwi. Je, ni kweli? Na lema bado linaweza kumlisha mtu?

Jibu: Waaleikum salaam mwanangu, na mfikishie babu salamu zangu.

La sheria nitalimaliza upesi. Juya, huo wavu wa kukokota hadi ufuoni, lilipigwa marufuku hapa Kenya mwaka 2001, likaenda pamoja na bunduki ya kuzamia. Kuliona bado linavutwa alfajiri hakulifanyi halali. Fuo ni ndefu na maafisa ni wachache, basi. Ukikamatwa nalo utapoteza wavu, utapelekwa mahakamani, na hakimu hatakuuliza kama babu zako walilikuta.

Hoja ya jadi ndiyo inayohitaji muda. Naisikia kila bandari ninayofika, na ajabu ni kwamba watu wa mashirika ya uhifadhi huja na kosa lile lile wakiwa wameligeuza: wao huamini kila chombo cha jadi ni rafiki wa bahari. Wenzako wanasema cha jadi kiachwe kwa sababu ni cha jadi, na hawa wanasema kisifiwe kwa sababu ni cha jadi. Bahari haijui habari hiyo.

Chukua utupa. Majani ya mtupa yakipondwa na kutiwa kwenye vidimbwi vya mwamba wakati maji yamepwa, sumu yake huuzuia mwili wa samaki kutumia hewa anayoivuta. Samaki hulewa, huelea, watu wakaokota kwa vikapu. Ni uvuvi wa kale kuliko nyavu nyingi unazozijua, na unaua kila kilichomo dimbwini, kikubwa na kidogo, kinacholiwa na kisicholiwa. Au mchukue chazo, yule samaki mwenye kibandiko kichwani. Wazee wa pwani hii walimfunga kamba mkiani wakamwachia karibu na kasa. Akishamganda kasa barabara, huvuta kamba taratibu mpaka kasa anafika chomboni. Kwa ujanja, sijaona uvuvi unaoupita huo. Lakini kasa leo analindwa na sheria ya wanyamapori, na kwa namna walivyopungua, ni haki yake.

Kwa hiyo acha kuuliza kama chombo ni cha jadi. Uliza tundu lake lina upana gani, kinagusa nini kule chini, na nani anakizuia kikizidi. Ukilipima juya kwa maswali hayo matatu linaanguka yote. Lema linaweza kupasi yote, au likaanguka vibaya, kutegemea lilivyofumwa na linapotegwa.

Hilo swali la tatu, la nani anakizuia, ndilo watu husahau. Zamani bahari ilipumzishwa na mambo ambayo hakuna aliyeyaita uhifadhi. Kusi likianza kuvuma kwenye Aprili, nje ya mwamba mawimbi husimama, na mtumbwi wa makasia au ngalawa haina ubavu wa kutoka, kwa hiyo miezi mingi mwamba wa nje ulikuwa likizo. Kaskazi likirudi Novemba, bahari ikalala, watu walitoka nje na huku ndani pakapata nafuu. Asubuhi ya Ijumaa vijiji vingi havikwenda baharini mpaka baada ya swala. Upande wa kusini, kwa Wadigo wa Diani na kwingineko, palikuwa na mahali pa mizimu baharini ambapo sadaka ilitolewa na mtu hakuvua ovyo. Unaweza usiamini mizimu, lakini samaki wa hapo walipata faida yake. Juu ya yote, watu walikuwa wachache, na uzio wa fito wa kunasia samaki au sehemu ya kutega ilijulikana ni ya nyumba ya nani.

Mashine ya boti, miwani ya kuzamia, barafu na soko la hoteli viliondoa vizuizi hivyo kimoja kimoja. Juya la zamani na la leo huenda likawa wavu ule ule kwa sura, ila lile lilivutwa pale mara chache na watu wa kijiji kimoja. La leo hupita mahali pale pale asubuhi na jioni, kundi moja la wavutaji likimaliza linaingia jingine.

Siku moja nenda ukasimame ufuoni juya likitoka, bila kushika kamba. Watu wote huangalia kifuko, ule mwisho wa wavu wanapokusanyika samaki. Wewe angalia kwanza kamba ya chini, ile yenye vipande vya risasi vya kuizamisha. Utakuta imekuja na majani ya bahari yaliyong'olewa na mizizi yake, vipande vya matumbawe, na vijidudu vya kila aina. Yale majani ndiyo malisho ya samaki aina ya tafi na ndiyo kitalu cha vifaranga vya changu. Kisha angalia kifuko. Katikati ya samaki wa kuuza utaona tafi wa urefu wa kidole, changu wasiojaa kiganja, pono ambao hata rangi haijakolea. Hao hawarudishwi majini. Mama karanga, yaani mwanamke mkaanga samaki, huwanunua kwa fungu, huwakaanga wakakauka, na mtaani huliwa pamoja na mifupa. Simlaumu mama karanga; anauza anacholetewa, na mteja wake hana pesa ya nguru. Lakini wale tafi wa kidole ndio malema yako ya mwaka ujao.

Na ile hesabu ya siku moja ya juya kushinda wiki ya malema, ichunguze vizuri. Pato la juya hutajwa kwa jumla, pato la lema hutajwa kwa mtu. Tajiri mwenye wavu na chombo hutoa fungu lake kwanza, na kinachobaki kinagawanywa kwa waliovuta, ambao huweza kufika kumi na tano au zaidi. Waulize wenzako kinachofika mfukoni, wakuhesabie mbele yako. Tena kwenye fuo zilizo jirani na hifadhi ya bahari ya Mombasa, ambako juya liliondolewa, watafiti waliofuatilia mapato kwa miaka waliona waliobaki wakivua kwa vyombo vingine wanapata zaidi kuliko wenzao wa fuo zilizoendelea kukokota.

Sasa tuje kwenye malema, maana hapo ndipo riziki yako ilipo ukiamua.

Lema la babu naamini ni la mianzi au fito zilizopasuliwa, zikafumwa matundu ya pembe sita. Wengi hudhani kazi ngumu ni kufuma kiwiliwili, kumbe ugumu uko kwenye mlango. Ule mlango huanza mpana kwa nje, ukabana kadiri unavyoingia ndani, na kwa mwisho huachwa na ncha za fito zinazoelekea ndani na kushuka kidogo. Samaki huingia akifuata ubavu wa fito, akishapita zile ncha akageuka, huzunguka akifuata ukuta wa lema na kuupita mdomo bila kuuona. Mlango uliofumwa ovyo humwaga samaki usiku kucha, na mtegaji akarudi kijijini akisema bahari imekauka. Hili hulipati kwa kuelezwa. Mkalishe babu chini, afume mmoja mbele yako, nawe ufumue na kuufuma tena mpaka akubali.

Chambo cha lema la tafi ni mwani wa aina wanayoipenda, na wengine huchanganya na wadudu wa baharini waliopondwa. Kila mtegaji ana siri yake, ya babu yako muulize mwenyewe. Tafi ni mla majani, kwa hiyo lema lake hukaa pembezoni mwa majani ya bahari, pale yanapokutana na mawe. Mtu akilitega katikati ya mawe matupu atapata pono, puju na mkunga, na mkunga akiingia huwala wengine kabla hujafika. Kikande naye hukata fito kwa meno. Lema huwekewa mawe ndani lisihamishwe na mkondo, na ukitaka boya, liwe dogo. Boya kubwa huwaambia wezi mahali lilipo. Wazee wengi hawakuweka boya kabisa, walishika alama za nchi kavu, mnazi huu ukae juu ya paa lile.

Ukiilegeza kamba ya mlango wa nyuma na kumwaga samaki mtumbwini, usitie mkono kwa pupa. Miiba ya tafi ina sumu, na anayechomwa huhisi mkono wote unawaka. Dawa yake ni maji moto, ya moto unaoweza kuvumilika bila kuungua, utumbukize mahali palipochomwa mpaka maumivu yapungue. Chupa ya chai mtumbwini ina kazi zaidi ya moja.

Ubaya wa lema uko kwenye tundu. Miaka hii wafumaji wamebana matundu kwa sababu samaki wakubwa wamepungua, na matokeo yake lema linabeba watoto kama juya, ila polepole. Ukinunua au ukifuma, ingiza vidole vitatu kwenye tundu. Vikikwama, mrudishie mwenyewe. Tafi wa kiasi cha shubiri moja ndiyo kwanza anapevuka, wa chini ya hapo hajazaa hata mara moja.

Jambo la pili ni upenyo. Acha kwenye kona ya lema uwazi mwembamba wa kusimama, upana wa sentimeta 3 hadi 4, urefu kama wa kiganja na nusu, uukaze kwa fito mbili ngumu zisitanuke. Samaki hupenya kwa unene wa ubavu wake, urefu wake hauna neno. Kwa hiyo wadogo na wale vipepeo wa rangirangi wasio na soko hutoka, na tafi mnene, changu na tewa hubaki. Mwaka 2013 watafiti Emmanuel Mbaru na Tim McClanahan walichapisha matokeo ya majaribio ya malema ya namna hiyo kwenye pwani yetu: samaki wasiotakiwa walipungua, ukubwa wa walionaswa ukapanda, na kipato kikaongezeka. Najua utakachoambiwa, kwamba unafungulia pesa mlango. Hao wanaotoka walikuwa wanauzwa kwa bei ya fungu la kukaanga, na hukaa lemani wakimalizia chambo ambacho kingemwita mkubwa.

Nikwambie na hili, ingawa hukuliuliza. Siku hizi kuna malema ya waya. Yanadumu, ndiyo, na hapo ndipo kasoro yake. Lema la mianzi likipotea, kamba zake huoza, likafunguka, likawa takataka. La waya likipotea huendelea kunasa samaki wasio na wa kuwatoa, hufa humo, wakawa chambo cha wengine. Baki na mianzi.

Usitege pia mahali tafi wanapokusanyika kutaga. Hukusanyika msimu wa kaskazi, hasa siku za baada ya mwezi kuwa mpevu, na watega malema wa zamani wanazijua sehemu hizo vizuri kuliko mtafiti yeyote. Malema hujaa siku hizo hata kamba zikakatika, na ndiyo maana jambo hili nimelisisitiza kwa watu wengi na wachache wamenisikiliza. Samaki mwenye mayai tumboni akiachwa wiki moja, atakuwa ameshayataga.

Kuhusu vyombo vingine ambavyo huenda babu aliviacha: uzio sikushauri. Ni uvuvi mzuri wa kutazama, ile safu ya fito inayowaongoza samaki wakishuka na maji mpaka wanajikuta chumbani hawana pa kutokea, lakini unataka miti mingi, mara nyingi ya mikoko, na ukifumwa kwa matundu madogo unazoa vifaranga vya mkondo mzima. Mshipi ni rafiki yako. Ndoana na chubwi, kile kizito cha kuuzamisha, hazina gharama kubwa, na siku ambayo malema yametoa kidogo unaweza kupata changu wawili watatu wa chakula cha nyumbani ukisubiri maji. Ndoana iwe ya kiasi. Ndogo mno huleta watoto pia. Kama una dada au shangazi wanaotanda uduvi kwa kanga kwenye mikoko au kuokota pweza maji yakipwa, ulizana nao. Wanawake hawa wanaujua ufuo wa karibu kuliko wenye mitumbwi, na watakwambia majani ya bahari yamerudi wapi.

Jifunze saa za maji kabla ya kujifunza kufuma. Hapa Mombasa, siku za bamvua, yaani mwezi ukiandama na ukiwa mpevu, maji hupwa kabisa kwenye saa nne au saa tano za asubuhi, na kila siku saa hiyo husogea mbele kwa karibu dakika 50. Bamvua kubwa maji hushuka karibu meta 4 kutoka yalipojaa, na sehemu ulizopita kwa mtumbwi alfajiri utazipita kwa miguu. Huo ndio wakati wa kukagua malema, kutafuta lililohamishwa na mkondo na kuona kwa macho chini pakoje. Maji mafu, yale ya siku za kati ya bamvua na bamvua, hayashuki sana, utahitaji miwani na pumzi, au mtu wa kukusaidia kuvuta kwa kulabu. Lema lisikae majini miezi bila kupanda juu. Litoe kwa zamu ulianike, uchafu ukauke, ulipangue na kulikaza.

Mahali pa kutega usifanye kwa kubahatisha. Hifadhi ya bahari ya Mombasa ilitangazwa mwaka 1986, na ina sehemu mbili ambazo watu huzichanganya. Sehemu ya ndani hairuhusiwi kuvua hata kwa mshipi, na ni ya Shirika la Huduma kwa Wanyamapori. Sehemu kubwa inayoizunguka inaruhusu uvuvi wa jadi, malema yakiwemo. Mpaka umewekewa maboya, lakini maboya hupotea na kuhama, kwa hiyo waulize wavuvi wenyeji na askari wa hifadhi kabla ya kushusha kitu. Kutega karibu na mpaka, kwa nje, si dhambi. Samaki waliojaa ndani hutoka, na wazee wengi wa Bamburi wanategemea hilo.

Jiandikishe kwenye kikundi cha usimamizi wa ufuo, BMU, cha bandari unayoshushia samaki. Vikundi hivi vina kanuni zake tangu 2007, vina kamati iliyochaguliwa na daftari la wavuvi na vyombo, na ndivyo vitakavyokusimamia mwenye juya akikokota juu ya malema yako. Hilo litatokea. Lisipoandikwa jina lako, utakuwa mgeni kwenye bahari ya babu yako. Angalia kitu kimoja: ng'ambo ya mkondo wa Mtwapa ni kaunti ya Kilifi, na huko bandari, kamati na makubaliano ni mengine. Ukitaka kuona walichofanya wenzetu wa upande huo, nenda Kuruwitu. Walitenga sehemu ya bahari yao wenyewe miaka ya 2000, wakaiita tengefu, na watakueleza bila kuficha jinsi walivyogombana kabla ya kukubaliana.

Kuhusu kulishwa: lema haliwezi kukupa nyumba ya ghorofa, na miezi ya kusi huenda ukakaa siku nyingi bila kutoka. Wategaji wanaoishi nalo vizuri ninaowajua wana kitu cha pili, shamba dogo, nazi, bodaboda au ufundi wa kitu fulani. Wanaouza tafi wao wakiwa wabichi kwa mnunuzi mmoja wa kudumu hupata zaidi kuliko wanaopeleka sokoni kila siku kubahatisha, na ukiwa na boksi la barafu mtumbwini hutalazimika kukubali bei ya kwanza.

Mtumbwi ukaguliwe na fundi, nyufa zizibwe kabla ya kuingia majini. Malema yaliyooza yabebe kwa babu, uchukue vipimo vya mlango kutoka kwenye lile lililonasa sana kuliko mengine, yeye atalijua. Kama kusi bado ni kali usianze sasa. Fuma matatu tu, yawe tayari kaskazi likiingia, uyatege mahali atakapokuonyesha yeye, na usiongeze la nne mpaka haya matatu yawe yanarudi na samaki.